Habari za Gari la Moshi la Unguja

Miongoni mwa habari ambazo vijana wa Unguja wakihadithiwa huzidhania ngano, mojawapo ni kuwa kisiwa chao kilikuwa na gari la moshi kabla ya Mombasa kuwa nalo, na kabla ya Tanga, na kabla ya Dar es Salaam. Maana leo hawaoni popote, tangu Nungwi hata Kizimkazi, kipande cha reli kilicholazwa juu ya mataruma, wala stesheni, ilhali bara iliyo ng'ambo ya bahari imekatwa na njia za chuma kutoka pwani hata kwenye maziwa. Lakini habari hiyo ni ya kweli, tena ilitokea mara mbili, na katika mara hizo mbili reli ilipita katika mikono ya wenyewe wa namna tatu: mfalme aliyeiweka kwa ajili ya nafsi yake, wafanya biashara wa kigeni walioiweka kwa ajili ya faida, na serikali iliyoinunua, ikaishika kwa muda, kisha ikaiua kwa mkono wake yenyewe. Jambo hili la mwisho hupitwa upesi katika masimulizi, nami nadhani ndilo linalostahiki kuangaliwa zaidi.

Seyyid Barghash bin Said, aliyekalia kiti cha ufalme mwaka wa 1870, hakuwa mgeni wa gari la moshi siku alipotamani kuwa nalo. Alipopelekwa uhamishoni Bombay mwaka wa 1859, baada ya kushindwa katika kumwasi ndugu yake Seyyid Majid, mji ule ulikuwa na reli tangu mwaka wa 1853, nayo ndiyo ya kwanza ya abiria katika Bara Hindi nzima. Na mtu aliyekaa Bombay kiasi cha miaka miwili, tena mtoto wa mfalme mwenye macho ya kupeleleza, hakuhitaji kusimuliwa jinsi mvuke unavyovuta mabehewa. Mwaka wa 1875 alikwenda Uingereza kwa mwaliko, akatembezwa London na katika miji ya viwanda ya Birmingham, Manchester na Liverpool, na Zahir bin Said, katibu aliyefuatana naye, akaziandika habari za safari ile kwa Kiarabu zikapigwa chapa. Aliporejea, Barghash alikuwa amekwisha amua kuwa Unguja haitabaki nyuma katika mambo ya zama mpya. Akayaleta maji mjini kwa mifereji kutoka chemchemi za upande wa Bububu, akanunua meli za mvuke, akajenga Beit al-Ajaib iliyokwisha mwaka wa 1883, na mwaka wa 1879 waya wa simu ya baharini ukafika Unguja, hata habari iliyokuwa ikichukua majuma mengi kufika Ulaya ikawa yafika kabla ya jua kuchwa.

Mwaka huo huo wa 1879 ndipo alipoamrisha ilazwe reli nyembamba ya maili saba, kutoka kasri yake iliyo mjini mpaka kasri ya Chukwani, upande wa kusini, mahali palipokuwa pakisifika kwa hewa safi na palipokuwa pakikusudiwa na wakubwa walioondokewa na maradhi wakitaka kurudisha nguvu. Awali hapakuwa na moshi katika gari hilo. Mabehewa mawili ya fahari yalikuwa yakivutwa na baghala, na mnyama alikwenda juu ya reli kwa wepesi ambao asingeweza kuupata juu ya njia ya mchanga na mawe, kwa kuwa gurudumu la chuma juu ya chuma halina kizuizi kikubwa, na baghala mmoja huvuta penye reli mzigo ambao penye mchanga ungewashinda kadha wa kadha. Mwaka wa 1881 Sultani akaagiza kichwa cha mvuke kutoka kwa Bagnall, wahunzi wa Stafford huko Uingereza, ambao karakana yao ilikuwa changa bado na kazi yao kubwa ilikuwa kutengeneza vichwa vidogo vya reli nyembamba kwa ajili ya mashamba, machimbo na viwanda. Kikaja kichwa chenye magurudumu manne, kilichobeba maji na makaa yake juu ya mgongo wake mwenyewe, na baghala wakapumzishwa.

Kazi ya reli hiyo haikupimwa kwa nauli wala kwa rusumu ya bidhaa. Haikupita sokoni, haikugusa forodha, wala haikumfikishia mkulima karafuu zake bandarini. Ilimchukua mwenye nchi na jamaa zake na wageni wake kutoka nyumba yake moja kwenda nyumba yake nyingine, na mtu akiitazama kwa jicho la tijara ataiona kuwa ni anasa tupu. Mimi siioni hivyo kwa ukamilifu. Mfalme wa nchi ya visiwa, ambaye mabalozi wa Uingereza, Ufaransa, Ujerumani na Marekani walikuwa wakiishi hatua chache kutoka mlangoni pake na kila mmoja akiuangalia ufalme wake kama mali iliyo karibu kugawanywa, alikuwa na haja ya kuonyesha kuwa naye ana uwezo wa kuvipata vile ambavyo wao walijivunia, tena bila ya kuvikopa kwao. Ila udhaifu wa kitu kinachosimama kwa fahari ya mtu mmoja ni kuwa umri wake ni umri wa mtu huyo. Mwezi wa Machi 1888 Barghash alirudi kutoka Oman alikokwenda kutafuta shifaa, akafa usiku wa kufika kwake. Na reli ya Chukwani ikang'olewa, kichwa na vyuma vyake vikauzwa kama chakavu. Ndugu yake Seyyid Khalifa, aliyemrithi, alirithi hazina iliyopunguka na ufalme uliokatwa, kwa kuwa mapatano ya Waingereza na Wajerumani ya mwaka wa 1886 yalikuwa yamekwisha mwachia Sultani, katika bara yote aliyoidai, ukanda wa pwani wa maili kumi tu. Katika hali hiyo, nani angetumia fedha kumlipa mwenye kutia makaa?

Sasa inafaa tuvuke bahari kidogo, kwa sababu reli zilizoigeuza hali ya Unguja kuliko zote hazikulazwa Unguja. Mwaka wa 1890 Kampuni ya Kiingereza ya Afrika ya Mashariki, iliyokuwa imekodi pwani ya Mombasa kwa Sultani, ilianza reli yake nyembamba yenye jina kubwa la Reli ya Afrika ya Kati, ikafika maili saba (ajabu ya hesabu hiyo kurudi!) kisha ikaishiwa na fedha, na Wazungu wa mjini wakaitumia kwa matembezi ya mandari. Mwaka wa 1893 kampuni ya Kijerumani ikaanza kulaza reli kutoka Tanga kuelekea Usambara, ikafika Muheza mwaka wa 1896 ikashindwa kuendelea, na mwaka wa 1899 dola ya Ujerumani ikaichukua. Serikali ya Uingereza nayo, baada ya kuirithi kampuni yake iliyofilisika, ikaanza mwaka wa 1896 reli ya Uganda kutoka Mombasa, iliyofika ziwani Kisumu mwaka wa 1901. Na mwaka wa 1905 Wajerumani wakaanza reli ya kati kutoka Dar es Salaam, iliyofika Morogoro mwaka wa 1907, Tabora mwaka wa 1912, na Kigoma mwaka wa 1914. Msomaji ataona kuwa kila mahali kampuni ndiyo iliyotangulia kwa maneno makubwa, na dola ndiyo iliyomaliza kwa fedha za walipa kodi. Kwani reli ndefu hula mali miaka mingi kabla ya kurudisha pesa moja, na mwenye hisa hana subira ya kiasi hicho.

Lililo chungu zaidi kwa Unguja ni kuwa vyuma vile vya Mombasa vilianza kulazwa juu ya ardhi ambayo, kwa maandishi, ilikuwa bado ni ya Sultani, ambaye bendera yake nyekundu iliendelea kupepea juu ya Ngome ya Yesu mpaka mwaka wa 1963. Kabla ya reli, pembe ya ndovu iliyotoka Ujiji au Uganda ilibebwa mabegani mwa watu miezi mingi, ikafika Bagamoyo au pwani nyingine, ikavushwa kwa jahazi hata Unguja, na hapo ndipo ilipopimwa, ikauzwa na kupakiwa merikebuni. Reli ilipofika ziwani, pembe ile ile ilishuka Mombasa kwa siku chache na kupakiwa pale pale katika meli ya Ulaya, wala haikuwa na sababu ya kuvuka kuja kwetu. Bandari iliyokuwa mlango wa nusu ya Afrika ikaanza kuwa bandari ya karafuu zake yenyewe na nazi zake.

Na ni katika wakati huo huo ndipo wanunuzi wa pembe walipoiletea Unguja reli yake ya pili. Arnold, Cheney na Kampuni, wafanya biashara wa New York, walikuwa na nyumba kubwa ya kununulia pembe za ndovu katika Mji Mkongwe; naye Ernst D. Moore, aliyewatumikia hapa katika miaka ile, ndiye aliyeandika baadaye, mwaka wa 1931, kitabu kinachojulikana juu ya biashara hiyo na maovu yake. Nadhani watu wanaoona bidhaa yao kuu ikihama njia huanza kutafuta mahali pengine pa kutia mali zao. Na ikiwa hivyo ndivyo au sivyo, mwaka wa 1905, katika ufalme wa Seyyid Ali bin Hamud aliyesomea Harrow huko Uingereza, Wamarekani hao kwa mapatano na Serikali ya Himaya ya Uingereza walijenga reli ya maili saba kutoka Ngome Kongwe kwenda Bububu, kaskazini ya mji.

Njia hiyo ilichaguliwa kwa akili. Kutoka mjini kwenda Bububu pwani imejaa mashamba ya minazi na mikarafuu, magofu ya kasri ya Marhubi, iliyoungua mwaka wa 1899, na kasri kongwe ya Mtoni alikokaa Seyyid Said, na vijiji vya watu wanaoleta mjini kila siku muhogo, ndizi, maembe, mafenesi, kuni na samaki. Soko la Darajani lilikuwa limejengwa mwaka mmoja kabla, na soko kubwa humwita mkulima kila asubuhi. Picha za posta za siku zile zinaonyesha gari likipita katika kichochoro cha mji, ukuta huku na ukuta huku, na watu wamejibanza milangoni na barazani wakingoja lipite. Maana Mji Mkongwe ulijengwa kwa kipimo cha punda na mtu, na kuingiza gari la moshi ndani yake ni kama kutia jahazi kisimani. Ndani ya Ngome, ambamo Waarabu wa Oman, na baadaye wafungwa walipata kukaa, ikawekwa karakana ya reli. Na msomaji asistaajabu, kwa kuwa ngome hiyo hiyo katika mwaka wa 1949 ilifanywa uwanja wa mabibi wa kuchezea tenisi.

Abiria wake wengi walikuwa wenyeji. Hilo nalitaja makusudi, kwani reli nyingi za Afrika ziliwekwa kwa ajili ya kuchukua mali za nchi kuzipeleka baharini, na abiria mweusi alihesabiwa kama mzigo wa ziada. Lakini reli ya Bububu iliishi kwa nauli ndogo ndogo za mtu wa shamba aliyekuja mjini na tenga lake na kurudi na doti ya kanga, au sukari, au mafuta ya taa. Kwa wageni walioshuka katika meli zilizotia nanga kwa saa chache palikuwa na behewa maalumu la daraja la kwanza, nao walichukuliwa kwenda kuona mashamba na kurudi kabla ya meli kupiga honi. Na kitabu cha mwongozo cha Unguja cha wakati ule kiliwasifia safari hiyo kwamba ndiyo njia bora ya kukiona kisiwa na watu wake. Walikuwa watalii kabla ya neno hilo kuzoeleka, na biashara ile ambayo leo huilisha Unguja ilianza kuonja reli kabla ya kuonja lami.

Hapa sina budi kusema neno juu ya ile hadithi ipendwayo, ya kwamba Bububu ilipata jina lake kutokana na mlio wa gari la moshi. Seyyida Salme binti Said, katika kumbukumbu zake zilizochapishwa Ujerumani mwaka wa 1886, anaitaja Bububu kwa jina hilo hilo kuwa ni mahali alipokaa katika ujana wake, kabla ya kuiacha Unguja mwaka wa 1866. Na gari la moshi lilifika huko miaka takriban arobaini baadaye. Hadithi ni tamu, lakini tarehe zinaikataa.

Kampuni ikaiendesha reli hiyo miaka sita, kisha mwaka wa 1911, mwaka ule ule ambao Seyyid Ali alijiuzulu akiwa Ulaya, ikaiuza kwa Serikali. Sababu ya uhaba wa faida si ngumu kuifahamu kwa anayeijua Unguja. Maili saba ni masafa mafupi mno kwa reli. Gharama kubwa ya kazi hii haiko katika mwendo, bali katika kupakia na kupakua, na katika kuwalipa mafundi, wapiga makaa, wakata tikiti na watengeneza njia, ambao hulipwa sawasawa gari likienda maili saba au likienda mia. Mwenye karafuu wa Donge au Mkokotoni, ambaye mali yake iko mbali na Bububu, ilimpasa aipakie katika gari la ng'ombe au juu ya punda, aifikishe Bububu, aishushe, aipandishe katika behewa, aishushe tena Ngomeni, na mwisho amlipe hamali aisukume kwa mkokoteni mpaka ghala. Na akipiga hesabu aliona kuwa ni nafuu punda yule yule aendelee na safari yake mpaka mlangoni kwa mnunuzi. Juu ya hayo, karafuu nyingi zaidi za dola hii zilitoka Pemba, kwa sababu tufani ya mwaka wa 1872 iliiangusha mikarafuu ya Unguja na kuiacha ya Pemba imesimama kwa sehemu kubwa, na karafuu za Pemba zilikuja kwa chombo, zikashuka bandarini bila ya kuiona reli. Basi Bububu ilibakiwa na abiria na mizigo ya sokoni. Riziki halali, lakini ndogo.

Lau Serikali ingekuwa na nia ya kuifanya reli hiyo iwe na maana, ingeirefusha: ikaipeleka Mkokotoni kaskazini, au ikaipindisha kwenda Mwera na mashamba ya katikati, hata karafuu ipakiwe mara moja tu na ishushwe mara moja tu. Haikufanya hivyo. Idara yake yenyewe ya Ujenzi ikashughulika na barabara, ikaitengeneza hata hiyo ya Bububu, ubavuni mwa reli yake, na juu ya barabara hiyo zikaja motokaa za abiria zilizokwenda zikisimama popote mtu anapoinua mkono, bila ya kungoja saa ya stesheni, na zilizoweza kuacha njia kuu na kuingia vijijini mahali ambapo chuma hakiwezi kupinda. Mwenye reli na mwenye barabara alikuwa mmoja. Kwa mkono wa kulia akilisha na kwa mkono wa kushoto akinyang'anya. Mtu binafsi mwenye reli angeyapigia kelele mashindano ya namna hiyo, au angetaka fidia, lakini serikali haiwezi kujishitaki. Mwaka wa 1922 safari za abiria zikakatwa. Reli ikaendelea kutumika kwa miaka kadhaa kubebea mawe ya kazi za bandari, kwani ufuo wa Malindi ulikuwa ukijazwa na gati mpya ikijengwa katika miaka ile ya ishirini. Na kazi ilipokwisha vyuma vikaondolewa. Kazi hiyo ya mawe ilikuwa yenye manufaa, ila ni mwisho wa kusikitisha kwa gari lililozoea kuchukua watu.

Wapo wanaosema kuwa reli ya Bububu ilikufa kifo cha kawaida, kama zilivyokufa reli nyingi ndogo za dunia baada ya kuja motokaa, na kwamba kisiwa chenye urefu wa maili hamsini au sitini hakina haja ya reli. Sehemu moja ya maneno hayo nayakubali. Nisiyoikubali ni ile inayodhania kuwa hapakuwa na hiari: reli ilikuwa na abiria, ilikuwa na soko la kuliendea, na ilikuwa na njia iliyokwisha kulipiwa; kilichokosekana ni mwenyewe aliyeamua kama anaitaka au haitaki. Seyyid Barghash aliitaka yake, ikadumu muda aliodumu yeye. Kampuni ya New York iliitaka yake kwa kadiri ya faida, ikaiacha faida ilipopungua. Serikali ya Himaya iliipokea bila ya kuitaka.

Tangu hapo Unguja haikupata tena reli. Shirika la Reli na Bandari la Afrika ya Mashariki lilipoundwa mwaka wa 1948 reli zake zote zilikuwa bara. TAZARA ilipofika Kapiri Mposhi mwaka wa 1975, na treni ya umeme ilipoanza kwenda Dodoma mwaka wa 2024, Mzanzibari aliyetaka kuzipanda ilimpasa avuke kwanza kwenda Dar es Salaam. Barabara ya Bububu, ile iliyoichukua nafasi ya reli, sasa imejaa magari, na daladala za namba 502 huitambaa asubuhi na jioni katika msongamano ambao wasimamizi wa mwaka wa 1922 hawakuweza kuuwazia; na kule Chukwani, mwisho wa reli ya Barghash, ndiko linakokutana leo Baraza la Wawakilishi, ambalo wajumbe wake huyajadili mambo ya barabara na usafiri.

Yapo majumbani mwetu, Malindi, Funguni, Mtoni na Bububu, masanduku ya mababu ambayo ndani yake haikosi picha ya gari lile, au cheti cha kazi cha mtu aliyelitumikia, au tikiti iliyosahauliwa baina ya kurasa za kitabu. Mwenye nacho kitu cha namna hiyo namwomba asikiache kuliwa na mchwa, wala asikiuze kwa mgeni apitaye dukani. Akipeleke Nyaraka, Kilimani, kikaandikwe na kuhifadhiwa kwa jina lake.